Kitabu Kisichokuwapo: Silsila ya Nakala na Mamlaka ya Necronomicon katika Ulimwengu wa Kubuni wa H. P. Lovecraft

Ikisiri

Makala haya yanachunguza Necronomicon, kitabu cha kale cha siri ambacho mwandishi wa Marekani H. P. Lovecraft (1890–1937) alikibuni na kukitaja katika hadithi zake nyingi bila kukiandika. Hoja inayotetewa ni kwamba nguvu ya kitabu hicho haitokani na yaliyomo, kwa kuwa yaliyomo karibu hayapo, bali inatokana na silsila ya nakala zake: nani alikitunga, nani alikitafsiri, nani alikichoma na maktaba ipi inakihifadhi. Inaonyeshwa pia kwamba silsila hiyo ina ufa katika kiungo chake cha kwanza, yaani jina la mtunzi Mwarabu, na kwamba msomaji wa Kiswahili amekaa mahali pazuri pa kuuona ufa huo. Kutokana na hayo, linajadiliwa tatizo linalomkabili anayetaka kuzitafsiri hadithi hizo kwa Kiswahili.

Utangulizi

Katika fasihi ya fantasia mna vitabu vingi ambavyo havikuandikwa kamwe. Wahusika huvitaja kwa sauti ya chini, huvificha, huviiba na hata kupoteza maisha kwa ajili yavyo, na msomaji humaliza hadithi pasipo kufunua hata ukurasa mmoja. Kitabu cha namna hiyo si pambo tu. Mara nyingi ndicho kinachoupa ulimwengu wa kubuni umri wake. Ulimwengu ulioanza kuwapo siku mwandishi aliposhika kalamu huonekana wa kale kwa sababu ndani yake mna maandishi yanayodaiwa kuwa ya kale.

Waandishi hawakitumii kitabu hicho kwa namna moja. J. R. R. Tolkien aliisimulia The Lord of the Rings (1954–1955) kana kwamba ameichota katika muswada mkongwe uitwao Kitabu Chekundu. Kwa upande wa Kitabu cha Mazarbul, ambacho wahusika wake wanakikuta kimeharibika ndani ya mapango ya Moria, alitengeneza kwa mkono kurasa zenyewe, akaziunguza na kuzitoboa zifanane na masalia. Toleo la kwanza halikuzichapisha kurasa hizo kwa sababu ya gharama, lakini nia iko wazi: Tolkien alitaka kitabu kionekane. Lovecraft alishika njia ya pili. Msomaji wake anasikia habari za Necronomicon katika hadithi baada ya hadithi, anapewa miaka, majina ya watafsiri na majina ya maktaba, lakini kitabu chenyewe anakionja kwa vipande vichache tu, na kimoja kati ya hivyo ni beti moja ya mishororo miwili.

Swali linalojitokeza hapo ni la kinadharia na la kiutendaji kwa pamoja. Kitabu kisicho na yaliyomo kinapataje mamlaka? Na kwa kuwa mamlaka hayo yamejengwa juu ya jina la Mwarabu, juu ya Yemen, Damascus na jangwa la kusini mwa Uarabuni, hadithi hizo zinapoletwa kwa wasomaji ambao majina hayo si mageni kwao, mamlaka hayo yanabaki salama?

Chimbuko la mtunzi na la jina

Jambo la kwanza la kuzingatia ni kwamba mtunzi alizaliwa kabla ya kitabu. Lovecraft, aliyekulia Providence katika jimbo la Rhode Island, alijipa jina la Abdul Alhazred utotoni, akiwa na umri wa miaka mitano hivi, baada ya kusoma masimulizi ambayo wasomaji wa Kiswahili wanayajua kwa jina la Alfu Lela Ulela. Lilikuwa jina la mchezo wa mtoto. Mwaka 1921, katika hadithi fupi “The Nameless City”, jina hilo lilirudi likiwa la mshairi wa kale mwenye wazimu, na beti yake moja ikanukuliwa, ila hakikutajwa kitabu chochote alimotungia. Kitabu kilipata jina katika “The Hound”, iliyoandikwa mwaka 1922 na kuchapishwa katika jarida la Weird Tales Februari 1924. Kuanzia hapo kinajitokeza mara kwa mara: katika “The Festival” (1925), katika “The Call of Cthulhu” (1928), katika “The Dunwich Horror” (1929), na katika riwaya fupi At the Mountains of Madness (1936).

Kuhusu jina, Lovecraft alieleza kwamba lilimjia ndotoni, na baadaye akalifasiri kwa Kigiriki kuwa ni picha ya sheria ya wafu, akiligawa katika nekros (mfu), nomos (sheria) na eikon (picha). S. T. Joshi, mtafiti aliyeshughulikia maisha na kazi za Lovecraft kwa undani kuliko wengi, ameonyesha kwamba mgawanyo huo hausimami. Kipande cha mwisho si neno eikon, bali ni kiambishi tamati cha kawaida cha vivumishi vya Kigiriki, na jina zima lingekaribia zaidi maana ya kitabu kinachohusu wafu. Kosa hilo ni dogo, lakini linafaa kukumbukwa, kwa maana si la pekee.

Historia iliyoandikwa kama historia

Mwaka 1927 Lovecraft aliandika maelezo mafupi ya kurasa chache kuhusu historia ya kitabu chake. Hayakuchapishwa wakati wa uhai wake. Yalitoka mwaka 1938, baada ya kifo chake. Si hadithi. Hayana mhusika anayetenda wala tukio linalopanda hadi kileleni. Yameandikwa kwa mtindo wa ingizo la ensaiklopidia, na hapo ndipo penye siri yake.

Kwa mujibu wa maelezo hayo, jina la asili la kitabu ni Al Azif, neno ambalo Waarabu hulitumia kwa sauti za usiku zinazodhaniwa kuwa ni vilio vya mashetani. Mtunzi, Abdul Alhazred, alikuwa mshairi wa Sana'a nchini Yemen, aliyeishi zama za makhalifa wa Bani Umayya, karibu na mwaka 700. Alizuru magofu ya Babeli na mashimo ya siri ya Memphis, akakaa miaka kumi peke yake katika jangwa kuu la kusini, kisha akamalizia maisha yake Damascus, alikoandika kitabu. Mwaka 738 alitoweka au alikufa. Inadaiwa kwamba mwanatabakati Ibn Khallikan alisimulia jinsi mtu huyo alivyonyakuliwa mchana kweupe na dubwana lisiloonekana na kuliwa mbele ya watu. Mwaka 950 Theodorus Philetas wa Constantinople alikitafsiri kwa Kigiriki na kukipa jina linalojulikana leo. Mwaka 1050 patriaki Mikaeli aliamuru kichomwe. Mwaka 1228 Olaus Wormius alikitia katika Kilatini, na mwaka 1232 Papa Gregori wa Tisa akapiga marufuku matini ya Kigiriki na ya Kilatini. Nakala ya Kiarabu ilikuwa imekwisha kupotea. Matini ya Kilatini ilichapwa mara mbili, karne ya 15 na karne ya 17, na ya Kigiriki mara moja nchini Italia katika nusu ya kwanza ya karne ya 16. Nakala chache zilizosalia ziko British Museum, katika maktaba ya taifa mjini Paris, katika maktaba ya Widener ya Chuo Kikuu cha Harvard, katika Chuo Kikuu cha Buenos Aires, na katika Chuo Kikuu cha Miskatonic mjini Arkham.

Orodha hiyo ya mwisho inastahili kusomwa taratibu. Maktaba nne za mwanzo ni za kweli. Chuo Kikuu cha Miskatonic hakipo, wala mji wa Arkham haupo. Ni vya Lovecraft mwenyewe. Ila kikisimama mstari mmoja na Harvard na Paris, chuo cha kubuni kinapokea uhalali kwa jirani zake. Utaratibu ni huohuo kwa watu. Mikaeli Cerularius alikuwa kweli patriaki wa Constantinople kuanzia mwaka 1043 hadi 1059, na Gregori wa Tisa alikuwa kweli papa kuanzia mwaka 1227 hadi 1241, kwa hiyo miaka ya amri zao imepangwa kwa usahihi ndani ya utawala wao. Theodorus Philetas ni wa kubuni. Msomaji asiye na marejeo mkononi hana namna ya kumtenga huyu na wale.

Penye uzembe, mshono unaonekana. Olaus Wormius ni jina la Kilatini la Ole Worm, tabibu na mkusanyaji wa mambo ya kale wa Denmark, aliyeishi kuanzia mwaka 1588 hadi 1654. Lovecraft amemrudisha nyuma zaidi ya miaka 350. Ibn Khallikan naye anaitwa katika maelezo hayo mwandishi wa karne ya 12, ilhali alizaliwa mwaka 1211 na kufariki mwaka 1282, na kamusi yake kubwa ya wasifu, Wafayat al-A'yan, ni kazi ya karne ya 13. Makosa haya hayakipunguzii kitabu hofu yake kwa wasomaji wa kawaida. Yanathibitisha tu kwamba hofu hiyo haihitaji usahihi. Inachohitaji ni umbo la usahihi.

Neno linalofaa zaidi kwa umbo hilo halitoki katika nadharia za fasihi za Ulaya, bali katika elimu ya hadithi za Mtume, ambayo imekuwa ikisomeshwa katika madarasa ya pwani ya Afrika Mashariki kwa karne nyingi. Neno lenyewe ni isnadi, silsila ya wapokezi inayotangulia matini na kuithibitisha. Katika elimu hiyo msomaji hutazama kwanza nani amepokea kutoka kwa nani, ndipo aitazame matini. Lovecraft amejenga isnadi tupu. Ametoa mnyororo kamili wa wapokezi, Mwarabu, Mgiriki, Mlatini na kisha Mwingereza, na mwishoni mwa mnyororo hakuna matini.

Fasihi ya Kiswahili yenyewe inaujua mvuto wa mnyororo huo. Watunzi wa tendi za kale za kidini mara nyingi hudokeza kwamba kisa wanachokitunga kimetoka katika maandishi ya Kiarabu, na hadhi ya utendi huongezeka kwa dai hilo. Utendi wa Tambuka, uliotungwa Pate na Bwana Mwengo wa Athumani mwaka 1728, unajulikana pia kwa jina la Chuo cha Herekali, na neno chuo hapo limebeba maana yake ya zamani ya kitabu. Tofauti ni kwamba mtunzi wa Pate alipotaja chanzo aliendelea kutunga kisa chote mbele ya hadhira yake, ubeti baada ya ubeti. Lovecraft aliutumia mnyororo badala ya kisa.

Mashahidi waliokubaliana

Mnyororo mmoja haukutosha. Katika elimu hiyohiyo ya hadithi, habari iliyopokewa na watu wengi kiasi kwamba haiwezekani wawe wamekula njama huitwa mutawatiri, nayo hupewa daraja la juu. Kundi la waandishi waliokuwa wakiandikiana barua na Lovecraft walitengeneza kitu kinachofanana na hicho kwa nje. Clark Ashton Smith alibuni Kitabu cha Eibon, Robert E. Howard akabuni kitabu cha ibada zisizotajika cha Mjerumani von Junzt, Robert Bloch akabuni De Vermis Mysteriis, na kila mmoja akawa huru kutaja vitabu vya mwenzake. Msomaji wa Weird Tales aliyekuta Necronomicon kwa waandishi watatu tofauti aliweza kudhani kwamba wote watatu wanakirejelea kitabu kilichopo nje ya hadithi. Hakujua kwamba mashahidi walikuwa wamekaa meza moja.

Mfano wa wazi ni wa Frank Belknap Long. Katika hadithi yake “The Space-Eaters” (1928) aliweka mwanzoni nukuu iliyodaiwa kutoka katika tafsiri ya Kiingereza ya Necronomicon iliyofanywa na John Dee, mwanahisabati na mnajimu wa zama za Malkia Elizabeth wa Kwanza. Lovecraft hakuwa ameiwaza tafsiri hiyo. Hata hivyo hakuikanusha. Aliiongeza katika maelezo yake ya historia, akisema kwamba haikuchapwa na imebaki vipande tu. Nyongeza ya mwenziwe ikageuka kiungo cha silsila.

Ukurasa wa 751

Tafsiri hiyo ya Dee ndiyo iliyozaa matumizi bora ya kitabu hiki katika hadithi zote za Lovecraft. Katika “The Dunwich Horror” kijana Wilbur Whateley, aliyelelewa katika nyumba ya mashambani na babu mchawi, anamiliki nakala pungufu ya tafsiri ya Kiingereza. Kuna maneno anayoyahitaji kwa ibada yake, na maneno hayo yangekuwa katika ukurasa wa 751 wa nakala yake, ambao una kasoro. Kwa hiyo anafanya kile ambacho mtafiti yeyote wa matini angekifanya: anaziandikia maktaba, kisha anasafiri hadi Miskatonic kuilinganisha nakala yake na toleo la Kilatini. Mkutubi, Dakta Henry Armitage, anasimama nyuma yake, anaisoma Kilatini juu ya bega lake, anaelewa kinachotafutwa, na anakataa kumwazima kitabu. Kisha anawaonya wakutubi wa maktaba nyingine. Wilbur anarudi usiku kukiiba na kuuawa na mbwa wa ulinzi.

Tukio hilo linaeleza mengi kuliko maelezo yote ya 1927. Hatma ya dunia katika hadithi hiyo inategemea pengo katika nakala moja na ulinganishaji wa tafsiri mbili. Vilevile inategemea uamuzi wa mkutubi kuhusu nani aruhusiwe kusoma nini. Wahakiki wengi huitazama hadithi hii kwa sababu ya dubwana linalotokea baadaye milimani. Sehemu yenye uzito zaidi ni ile ya chumba cha kusomea. Kitabu hapa kina nguvu kwa sababu kinatendewa kama muswada halisi: kina kurasa zenye nambari, kina kasoro, na nakala zake zinatofautiana. Armitage naye ni mhusika anayeweza kueleweka na kila aliyewahi kusubiri idhini ya kufungua kumbukumbu fulani, ingawa si kila mwenye funguo ana sababu nzuri kama yake.

Kiungo cha kwanza

Hadi hapa silsila imetazamwa kama mbinu. Sasa ni lazima itazamwe kwa macho ya msomaji ambaye Kiarabu kimo ndani ya lugha yake. Kwa msomaji huyo jina Al Azif halina tatizo. Neno azif lipo katika Kiarabu, nalo hutumika kwa mvumo unaosikika jangwani na kunasibishwa na majini. Lovecraft alilipata katika tanbihi za Samuel Henley kwa riwaya Vathek ya William Beckford, iliyotoka mwaka 1786, na tanbihi hizo zilimwelekeza vizuri.

Jina la mtunzi ndilo linalokwama. Abd ni mja, na sehemu ya -ul katika Abdul imebeba kibainishi al cha neno linalofuata. Ndiyo maana mna Abdulrahman, Abdulaziz na Abdulkarim, kila moja likimaanisha mja wa mmojawapo wa sifa za Mwenyezi Mungu. Katika Abdul Alhazred kibainishi kimerudiwa mara mbili, na Hazred si miongoni mwa majina tisini na tisa, wala si neno la Kiarabu. Ni kweli kwamba Afrika Mashariki Abdul husimama peke yake kama ufupisho wa kila siku, na mtu huitwa hivyo barazani bila mashaka. Lakini mshairi wa Sana'a wa karne ya nane asingejiandikisha hivyo katika anwani ya kitabu chake. Kiungo cha kwanza cha silsila, kinachopaswa kuwa imara kuliko vyote, ndicho kilichoundwa na mtoto wa miaka mitano aliyependa mlio wa maneno.

Kwa msomaji wa Kiingereza wa mwaka 1924 ufa huo haukuonekana. Jina lilitosha kwa kuwa lilisikika la mbali. Hapo panajitokeza jambo ambalo uhakiki haupaswi kulipita. Kitabu kibaya kuliko vyote katika ulimwengu huo kimewekwa mikononi mwa Mwarabu, na sifa ya Mwarabu huyo inayorudiwa karibu kila anapotajwa ni wazimu. Edward Said, katika Orientalism (1978), alieleza jinsi Mashariki ilivyofanywa na maandishi ya Ulaya kuwa ghala la yale ambayo Ulaya haikutaka kuyaona kwake yenyewe. Lovecraft, ambaye maandishi yake na barua zake zina dharau ya wazi kwa watu wa mataifa mengine, yumo ndani ya maelezo hayo bila kulazimishwa.

Ulinganisho na kitabu halisi unasaidia. Ghayat al-Hakim ni kitabu cha Kiarabu cha uganga wa nyota na talasimu kilichoandikwa Andalusia, na kwa muda mrefu kilinasibishwa na Maslama al-Majriti, nasaba ambayo wataalamu wa leo kwa jumla hawaikubali. Katika miaka ya 1250 kilitafsiriwa kwa Kihispania kwa amri ya mfalme Alfonso wa Kumi, kisha kwa Kilatini, na Ulaya ikakijua kwa jina la Picatrix. Kwa hiyo ipo njia ya kweli ya kitabu cha siri kutoka Kiarabu hadi Kilatini, na hata ina tatizo lake la nasaba. Ila ndani ya kitabu hicho mna hoja za falsafa, saa za sayari na orodha ndefu za madini, manukato na michoro. Kinasomeka kama kazi ya mtu mwenye akili timamu na subira kubwa. Elimu hiyo ilikuwa tawi la elimu za zama zake. Hakuna mwendawazimu ndani yake.

Kitabu kinapotoka hadithini

Wasomaji walimwandikia Lovecraft wakiuliza kitabu kinapatikana wapi, naye aliwajibu bila kuficha kwamba amekibuni. Alieleza pia katika barua zake kwamba hakuna mtu angeweza kuandika kitabu kinachotisha hata kwa sehemu ndogo ya kile kinachodokezwa. Waliomfuata hawakumsikiliza. Mwaka 1973 kampuni ya Owlswick ilitoa kitabu kiitwacho Al Azif, chenye dibaji ya L. Sprague de Camp na kurasa za hati ya kubuni isiyosomeka. Huo ulikuwa mzaha wenye adabu, kwa kuwa yaliyomo yaliendelea kutokuwapo. Mwaka 1977 kikatoka kingine kwa jina la Necronomicon, mhariri wake akijiita Simon tu, kikiwa na ibada na miungu ya Mesopotamia ya kale, na hiki kimeuzwa kwa miaka mingi kwa watu wanaokichukulia kama kitabu cha kutumika. Kasoro yake si udanganyifu peke yake. Kimejaza nafasi ambayo utupu wake ndio uliokuwa kazi ya sanaa.

Tatizo la mtafsiri

Kwa mtafsiri wa Kiswahili mambo haya si ya nadharia. La kwanza ni neno la kukiitia kitabu chenyewe. Msahafu haliwezekani, kwa kuwa kwa wasomaji wengi ni Kurani. Kitabu cha falaki linakaribia, lakini lingekitia katika kundi la vitabu halisi vinavyotumiwa katika uganga wa kitabu pwani, na lingewapa waganga wa kweli shutuma wasiyoistahili. Chuo, kwa maana yake ya kale, lingekuwa zuri kwa ukongwe wake, ila katika hadithi ambayo nusu yake inatokea chuo kikuu lingemchanganya msomaji kila ukurasa. Kitabu, neno la kawaida kabisa, ndilo linalofaa. Ukongwe ubebwe na yale yanayosimuliwa juu yake.

La pili ni wazimu wa mtunzi. Mwendawazimu ni tafsiri sahihi na kavu. Majinuni linasema zaidi, kwa kuwa ndani yake mna jini, na Waarabu wa kabla ya Uislamu waliamini kwamba mshairi ana jini anayempa maneno. Mshairi aitwaye majinuni, aliyeandika kitabu kiitwacho mvumo wa majini, angepata katika Kiswahili mantiki ambayo hana katika Kiingereza. Wazimu wake ungekuwa hali ya ushairi badala ya kasoro ya kabila lake. Je, mtafsiri ana haki ya kumpa Lovecraft uelewa ambao hakuwa nao? Inaelekea anayo, maadamu neno lipo katika lugha na halijalazimishwa.

La tatu ni jina, na hapa jibu ni la upande wa pili. Kuna kishawishi cha kulinyosha Abdul Alhazred liwe jina ambalo mtu wa Sana'a angeweza kuitwa. Kufanya hivyo kungeighushi silsila upya, safari hii kwa ustadi, na kumpa mshairi wa kubuni cheti cha kuzaliwa ambacho mwandishi wake alishindwa kukitengeneza. Jina libaki lilivyo, na kibainishi chake kilichorudiwa, pasipo maelezo ndani ya hadithi. Msomaji wa Zanzibar au Lamu atakwama kwenye jina hilo ukurasa wa kwanza linapotokea, kama Wilbur alivyokwama kwenye ukurasa wa 751.